Saa Si Yako Tena: Tom Holkenborg Kutoka Klabu Hadi Filamu

Mwaka 2002 prodyuza mmoja wa Kiholanzi aliuchukua wimbo wa Elvis Presley wa mwaka 1968, "A Little Less Conversation", akautia ngoma na besi za klabu. Ukatumika kwenye tangazo la Nike la Kombe la Dunia, halafu ukashika namba moja Uingereza na katika nchi nyingine kadhaa. Jina lake la jukwaani lilikuwa Junkie XL. Neno la kwanza maana yake ni teja, na wasimamizi wa jina la Elvis hawakulitaka karibu na msanii wao, hivyo kwenye jalada ikabaki JXL. Mei 2015 mtu huyohuyo, Tom Holkenborg, ndiye aliyetunga muziki wa Mad Max: Fury Road, filamu ya saa mbili ambayo karibu yote ni kufukuzana kwa magari jangwani.

Kati ya tarehe hizo kuna miaka 13. Kisa hiki husimuliwa kana kwamba DJ alipigiwa simu na Hollywood, akapanda ndege, mambo yakawa. Ukiipanga miaka hiyo mmoja mmoja unamwona mtu mwenye jina tayari akikubali kuwa mwanagenzi kwa karibu miaka kumi. Sababu, kwa jinsi tunavyokisoma kisa hiki, ni kwamba jambo alilolimudu kuliko yote, yaani kuumiliki muda wa msikilizaji, ndilo filamu humnyang'anya mtunzi siku ya kwanza. Kwenye klabu prodyuza ndiye mwenye saa: anaamua dropu, yaani pale mdundo unaporudi kwa kishindo, ije lini, wimbo ujirudie mara ngapi, sauti iwe kubwa kiasi gani. Kwenye filamu saa ni ya mhariri wa picha, na mhariri wa picha habembelezwi.

Alikuja na nini

Holkenborg alizaliwa mwaka 1967 huko Lichtenvoorde, mji mdogo wa mashariki mwa Uholanzi. Kabla ya klabu alikuwa mtu wa vyombo: kinanda, ngoma, magitaa. Mwanzoni mwa miaka ya 1990 alikuwa na bendi ya Nerve, iliyochanganya magitaa mazito na mashine, na albamu yake ya kwanza kwa jina la Junkie XL, Saturday Teenage Kick, ilitoka 1997. Historia hii si pambo. Prodyuza aliyeishi ndani ya kompyuta pekee hukwama siku anapowekewa mbele wapiga fidla 60 ambao hawana kitufe cha kunyoosha mapigo, wanahitaji kuvuta pumzi, na hulipwa kwa saa wawe wanapiga au wanakusubiri urekebishe karatasi.

Akiwa Los Angeles alipita njia tatu kwa pamoja. Alitunga muziki wa michezo ya video. Aliongeza vipande kwenye kazi za watunzi wengine, Harry Gregson-Williams akiwa mmoja wao. Na alitunga muziki wa filamu za kwao Uholanzi, kama De Heineken Ontvoering ya mwaka 2011, ambako bajeti ni ndogo na kosa halimalizi kazi ya mtu. Kisha akaingia kwenye kundi la Hans Zimmer, mtunzi mkubwa wa muziki wa filamu, kule Santa Monica. Huko alifanya kazi kwenye The Dark Knight Rises (2012) na Man of Steel (2013), ile ambayo Zimmer aliwakusanya wapiga ngoma zaidi ya kumi wapige pamoja chumba kimoja, na upangaji wa ngoma hizo ukawa mikononi mwa Holkenborg. Machi 2014 ndipo zilipotoka filamu mbili kubwa zenye muziki wake mwenyewe: 300: Rise of an Empire na Divergent.

Kazi ya msaidizi inafundisha nini ambacho albamu sita hazifundishi? Filamu kubwa ya mapigano hubeba dakika 90 na kuendelea za muziki. Mtunzi mkuu huandika mada, yaani ile milio minne mitano ya shujaa, ya adui, ya mapenzi, kisha wasaidizi huitandaza mada hiyo juu ya matukio. Msaidizi anapewa kipande, tuseme 3m14: rili, yaani sehemu ya filamu, ya 3, kipande cha 14. Anakiandika, kinakataliwa, anakiandika tena. Jina la faili linapofika 3m14 v7 hakuna anayeshangaa. Msanii wa albamu hutoa toleo moja na kulitetea. Mtu wa filamu hutoa toleo la saba akiwa na uso uleule aliotolea la kwanza. Hilo halifundishwi na plagini, yaani programu ndogo ya sauti, yoyote, na ndipo wengi wenye majina hukatia tamaa.

Mlango na pigo la 70

Hebu tuiangalie kazi yenyewe kwa karibu, kwa mfano wa kutunga tu. Kipande kinaanza sekunde 0. Kwenye sekunde 14.2 dereva anainua macho. Kwenye sekunde 33.0 mlango wa lori unabamizwa. Mwongozaji anataka muziki "ujue" kuhusu matukio yote mawili. Picha inakwenda fremu 24 kwa sekunde.

Prodyuza wa dansi anafungua programu na kuweka mipigo 128 kwa dakika, kwa mazoea. Mpigo mmoja hapo ni sekunde 0.469. Mlango unaangukia mpigo wa 70.4, yaani muziki umepiga, kisha fremu nne na nusu baadaye mlango ndio unafunga. Mtazamaji hatasema kuna kosa, ila atahisi kuna kitu kinachechemea. Kosa la kwanza la mgeni ni kuubandika mlio wa kishindo juu ya mlango, nje ya mdundo. Sasa una mdundo unaokwenda kwake na kishindo kinachokwenda kwake.

Dawa ni kurudi nyuma kwenye hesabu. Mipigo 70 iishe kwenye sekunde 33.0: zidisha 70 kwa 60, gawa kwa 33, unapata 127.27 kwa dakika. Jaribu macho ya dereva kwa tempo hiyo: mpigo wa 30 unaangukia sekunde 14.14, na macho yapo 14.2. Tofauti ni fremu moja na kidogo, ambayo jicho halitaiona. Tempo moja imehudumia matukio mawili. Lakini 30 haigawanyiki kwa nne. Basi andika vipimo saba vya mipigo minne, kisha kimoja cha mipigo miwili, na macho yanapata kichwa cha kipimo kipya. Kuanzia hapo mipigo 40 hadi mlangoni ni vipimo kumi kamili. Kile kipimo kifupi cha mipigo miwili ndicho mtu wa klabu hukiogopa, maana kinamkatili mchezaji dansi. Kwenye filamu hakuna anayecheza. Kikijikunja kabla ya macho kuinuka, kinasikika kama mtu aliyeshtuka, na ndicho unachokitaka.

Wiki mbili baadaye linakuja toleo jipya la picha. Mhariri amekata fremu 22 kati ya macho na mlango. Fremu 22 ni sekunde 0.917, karibu mipigo miwili ya tempo yako. Umebahatika: toa mipigo miwili mahali ambapo nyuzi za okestra hazijaanza sentensi yao, na mlango unarudi kwenye mpigo, tofauti ikiwa chini ya fremu moja. Angekata fremu 17 ungekuwa na mpigo mmoja na nusu mkononi, na nusu haitupwi. Hapo unatoa mipigo miwili na kuipunguza tempo ya sehemu ile hadi 125.6. Ngoma zilizoandikwa kama noti zitapungua kasi bila mtu kujua. Ngoma zilizo kama rekodi za kujirudia, ambazo ndizo mtaji wa prodyuza wengi wa elektroniki, zitavutwa na programu, na milio mikali ya juu itaanza kutoa povu. Ndiyo maana anayehamia filamu huhamisha midundo yake kutoka kwenye rekodi kwenda kwenye noti na sampuli za pigo mojamoja, hata kama ni kazi ya usiku kucha. Matoleo ya picha hayaishi kuja.

(Mtu wa singeli ana ahueni ambayo hajaambiwa. Kwa mipigo 210 kwa dakika, mpigo mmoja ni chini ya fremu 7, kwa hiyo hakuna tukio kwenye picha lililo mbali na mpigo kwa zaidi ya fremu tatu na nusu. Shida yake itakuwa nyingine: mtazamaji ataweza kupumua saa ngapi?)

Mikato 2,700

Fury Road hutajwa kuwa na mikato ya picha takriban 2,700 ndani ya dakika 120. Gawanya: wastani wa chini ya sekunde tatu kwa picha moja. Margaret Sixel, aliyeihariri, alipata Oscar kwa kazi hiyo. Mtunzi anayeukimbiza kila mkato kwenye filamu ya namna hii atatoa muziki wa kigugumizi. Ukiusikiliza muziki wa Holkenborg kando ya picha, unaona kwamba ngoma kwa kawaida hazifuati mikato. Zinafuata lengo la mbio: nani anamkaribia nani, na nani anaachwa. Mikato inapita juu ya mdundo kama nguzo za umeme zinavyopita dirishani mwa basi.

Hapa ndipo ujuzi wa klabu uliporudi kuwa mali. Prodyuza wa dansi anajua kuishikilia hali moja kwa dakika sita bila kuchosha, kwa kuongeza tabaka moja na kuondoa jingine kila baada ya vipimo nane. Mtunzi aliyetoka kwenye okestra pekee huwa na tabia ya kubadilisha wimbo pale anapohofia kuchosha. Watu hudhani sinthesaiza, vile vinanda vya kielektroniki, ndizo zilizomfikisha Holkenborg. Kwa maoni yetu ni ustahimilivu huu. Sinthesaiza zinaweza kukodiwa.

Filamu hiyo ina tatizo jingine zuri. Kwenye msafara wa adui kuna lori lenye ngoma kubwa nyuma na mpiga gitaa linalotema moto mbele, yule anayeitwa Doof Warrior. Muziki umo ndani ya hadithi, wahusika wanausikia. Mtunzi hawezi kuweka tempo yoyote anayotaka wakati mikono ya wapiga ngoma inaonekana kwenye kioo, na kamera inapoondoka kwenye lori lile lazima muziki wa hadithi ukabidhi kijiti kwa muziki wa filamu pasipo mshono kuonekana. Makabidhiano ya aina hii ni rahisi zaidi kwa mtu aliyezoea kuunganisha nyimbo mbili kwenye meza ya DJ kuliko kwa mhitimu wa chuo cha muziki.

Halafu kuna injini. Fanya hesabu ya injini ya silinda nane: kwa mizunguko 3,000 kwa dakika, silinda huwaka mara 200 kwa sekunde. Mngurumo wake basi unakaa kwenye hezi 200, na gari likipunguza hadi mizunguko 1,500 unashuka hadi hezi 100. Hapo hasa ndipo unapokaa mwili wa ngoma kubwa. Ukiacha ngoma na injini zigombanie chumba kimoja, kwenye uchanganyaji wa mwisho ngoma ndizo zitakazoshushwa, kwa sababu gari lisilosikika ni kosa la filamu na ngoma isiyosikika ni huzuni ya mtunzi tu. Njia ni kuigawa ngoma: kishindo cha chini kabisa, chini ya hezi 60, kipewe mapigo machache makubwa, kofi la juu, kati ya kilohezi 2 na 5, libebe mdundo. Kwa kawaida eneo hilo la juu ni la konsonanti za mazungumzo na mtunzi hukaa mbali nalo. Filamu yenye maneno machache kama hii inampa nafasi ambayo tamthilia ya televisheni haitampa kamwe.

Muziki wa kushikiza

Kabla mtunzi hajaajiriwa, mhariri huwa ameshaweka muziki wa filamu nyingine chini ya picha ili aweze kukata. Ni ule wa kushikiza tu, kama fundi cherehani anavyoshikiza nguo kwa uzi mrefu kabla ya kushona. Shida ni kwamba mwongozaji ameutazama huo mshikizo miezi minne na sasa anaipenda nguo na nyuzi zake. Msanii wa elektroniki huumia zaidi, maana mara nyingi kilichowekwa ni kitu kinachofanana na anachokijua, na mkono unateleza wenyewe kwenye kunakili.

Omba video ambayo mazungumzo yapo njia ya kushoto na muziki wa kushikiza upo kulia, uweze kuuzima. Usikilize mara moja. Andika unapoanza, unapokoma, tempo yake, na mahali unaponyamaza, kwa sababu mahali hapo ndipo penye taarifa kubwa kuliko zote: mhariri alihitaji ukimya. Kisha uzime, usiufungue tena mpaka toleo lako la kwanza liishe. Mwongozaji akisema "sihisi kama ule wa mwanzo", rudi kwenye yale maandishi, usirudi kwenye wimbo. Mara nyingi kinachomkosesha raha ni kwamba umeanza sekunde mbili mapema.

Kundi la Zimmer lina njia nyingine ambayo Holkenborg aliirithi: kuandika mkusanyo mrefu wa mada, dakika kumi au zaidi, mbali na picha, na kumpa mwongozaji mapema. Mhariri akianza kukata juu ya muziki wako mwenyewe, mshikizo unakuwa wako. Ukipata nafasi hiyo, itumie kabla hujagusa kipande kimoja chenye picha.

Ukubwa wa sauti, na kapu la besi

Wimbo wa klabu hukamilishwa kwenye takriban −8 LUFS (kipimo cha ukubwa wa sauti jinsi sikio linavyousikia), limita, yaani kifaa cha kuzuia vilele vya sauti, ikiwa imeubana mpaka hauna pumzi. Kipimo cha utangazaji wa televisheni Ulaya ni −23 LUFS kwa kipindi kizima. Tofauti ni desibeli 15. Ukikabidhi kipande kilichobanwa, mchanganyaji atakishusha desibeli 15 hizo, na kitakachobaki ni ukuta mwembamba usio na kishindo. Ondoa limita kwenye njia kuu kabla ya kuandika noti ya kwanza. Spika ziwekwe kwenye kiwango kimoja na kisiguswe: chumba cha kuchanganyia filamu hupimwa desibeli 85 kwa kila spika ya mbele kwa kelele ya majaribio ya −20 dBFS (desibeli 20 chini ya kilele cha kidijitali), kwenye chumba kidogo cha nyumbani, 78 au 79 zinatosha. Ukifanya hivyo masikio yenyewe yatakuambia lini umezidisha.

Lipo kosa jingine la watu wa klabu, na linauma kwa sababu halisikiki studio. Mfumo wa sinema wa 5.1, yaani njia tano kuu za sauti na moja ya ziada, una njia hiyo moja maalumu kwa besi nzito. Mtu wa dansi akiiona hujawa na furaha, na kiki, lile pigo la ngoma ya chini, yote anaitia humo. Filamu ikipunguzwa kuwa njia mbili kwa ajili ya televisheni au simu, njia hiyo mara nyingi hutupwa nzima, na kiki inaondoka nayo. Besi kamili ikae kwenye spika kuu. Njia maalumu ipewe nyongeza ambayo ikitoweka wimbo bado unasimama.

Kukabidhi

Sehemu hii haina utukufu, ila ndiyo inayomtofautisha mtu wa kuitwa tena. Kila kipande hukabidhiwa kwa mafungu, ambayo maprodyuza huyaita stemu: ngoma za chini, ngoma za juu, besi, sinthesaiza zenye mapigo, sinthesaiza za kutandaza, nyuzi, mapembe, sauti za watu, mada kuu peke yake, na kadhalika. Mafungu kumi ya 5.1 ni njia 60. Kwa sampuli 48,000 kwa sekunde na biti 24, dakika 90 za muziki ni karibu GB 47. Andaa diski mapema.

Mafungu yote yaanze sehemu moja na yakijumlishwa yawe sawa kabisa na mchanganyo wako, la sivyo mchanganyaji hatakuamini tena. Hapa limita na kompresa (vifaa vya kubana sauti) za njia kuu huleta balaa la pili: kiki inayoisukuma chini sinthesaiza kwa kompresa, ule mpumuo tunaoupenda kwenye dansi, huvunjika pale kiki inapozimwa kwa sababu mhusika anazungumza. Ama uuchome mpumuo ndani ya fungu la sinthesaiza lenyewe, ama uuache. Weka mlio mfupi wa fremu moja sekunde mbili kabla ya mwanzo wa rili ili watu wahakikishe ulinganifu. Na uliza mapema picha ni fremu 24 kamili au 23.976. Tofauti ni sehemu moja kwa elfu, lakini baada ya dakika kumi ni sekunde 0.6, fremu 14, na mlango wetu wa lori umeshafungwa zamani. Faili la sampuli 44,100 likisomwa kimakosa kama 48,000 ni rahisi zaidi kuligundua: muziki wote unapanda karibu nusu-toni moja na nusu na unaisha kabla ya wakati.

Fedha tuziseme kwa ufupi. Marekani mtunzi wa filamu ya studio kwa kawaida huandika kwa mkataba unaoipa studio hakimiliki, naye hubaki na fungu la mwandishi kwenye mirabaha. Sinema za huko hazilipi mirabaha ya kuchezwa kwa muziki wa filamu. Televisheni hulipa, na sinema za nchi nyingi nyingine hulipa. Njia ya kulipwa ni orodha ya vipande: jina la kipande, sekunde zake, mwandishi, asilimia, mchapishaji, namna kilivyotumika. Kipande kisichoandikwa humo hakijapigwa. Kwenye televisheni bei ya jumla imezoeleka, ambapo kutoka kwenye ada moja mtunzi analipa wapigaji, studio na wasaidizi. Anayekubali ada hiyo kabla ya kuhesabu siku za kurekodi huishia kutunga bure.

Kuondolewa, na kurudi

Desemba 2015 filamu ya Fury Road ilikuwa ikijadiliwa kila mahali. Iliteuliwa mara 10 kwenye Oscar na kushinda 6, zikiwemo zote mbili za sauti, ingawa muziki haukuteuliwa. Machi 2016 ikatoka Batman v Superman, aliyoitunga na Zimmer, na Holkenborg akawekwa kwenye filamu iliyofuata ya Zack Snyder, Justice League. Mei 2017 Snyder aliondoka kwa msiba wa kifamilia, Joss Whedon akachukua usukani, na mwezi uliofuata ikatangazwa kwamba muziki utatungwa na Danny Elfman. Filamu ilitoka Novemba ikiwa na dakika 120 na bila muziki wa Holkenborg.

Kwenye fani hii kuondolewa si fedheha. Mwongozaji mpya huja na watu wake, na muziki ndio wa mwisho kuandikwa hivyo ndio rahisi kubadilishwa. Kwa msanii wa albamu jambo hili halina mfano; hakuna mtu anayekuja wiki chache kabla ya kutoka na kuweka nyimbo za mwingine chini ya jina la albamu yako. Alichofanya Holkenborg ni kuendelea na kazi: Tomb Raider na Mortal Engines mwaka 2018, Alita: Battle Angel mwaka 2019.

Mwaka 2020 toleo la Snyder likapewa ruhusa, na likatoka kwenye HBO Max Machi 2021 likiwa na dakika 242. Holkenborg alirudi, na badala ya kufufua alichokuwa amekianza 2017 aliamua kuanza upya. Mwenye kufuata hesabu ya mlango anaona sababu moja ya kiufundi: picha iliyorefushwa mara mbili haina mpigo hata mmoja uliobaki mahali pake, na kuvirekebisha vipande vya zamani kungekula muda sawa na kuviandika, huku vikiwa vimefungwa kwenye ladha ya mtu wa miaka mitatu nyuma. Albamu iliyotoka na filamu hiyo ina vipande 54 na inakaribia saa nne, urefu ambao kwenye enzi za Saturday Teenage Kick ungetosha usiku mzima wa klabu.